Pilipili za Mwisho wa Mchezo

Ukimuuliza Maeng Gicheol kama mvua inanyesha, hatakujibu mpaka atoke nje akinge kiganja. Watu wa mtaa wa nyuma ya stesheni ya Jecheon, huko Korea, wanamjua hivyo na wameshamzoea. Ni dobi. Ukimpelekea koti, hakwambii kesho litakuwa tayari, kama wasemavyo madobi wote wa dunia tangu sabuni ilipovumbuliwa. Anaangalia doa, anaangalia mawingu, kisha anasema, "Likikauka kesho utalikuta. Lisipokauka hutalikuta." Ukisahau kitu mfukoni, hata kiwe kijiti cha kuchokolea meno, utakikuta ndani ya bahasha ndogo iliyobanwa kwenye hanga. Mkewe, Mama Dain, anasema kuishi na mtu wa namna hiyo ni kama kuishi na mizani ya dukani. Huwezi kuilalamikia, lakini haikuchekeshi pia.

Ajabu ni kwamba mtu huyu anayeukimbia uongo kama paka anavyokimbia maji, jina lake la mtaani ni jina la mwongo. Wale aliosoma nao wanamwita Pilipili. Walianza kumwita hivyo akiwa na miaka kumi na tatu, na sasa kichwa chake kimejaa mvi. Waliohamia mtaani juzijuzi wanadhani anapenda mchuzi mkali. Wenyeji wanajua kisa chake, nao hawachoki kukisimulia.

Zamani hizo kulikuwa na banda la gemu karibu na shule. Mwenyewe alikuwa mjane, Bi. Pyo, ambaye watoto walimwita Mama wa Gemu na mama zao wakamwita majina mengine yasiyofaa kuandikwa. Mashine zilipangwa ukutani, kubwa kama makabati ya nguo, kila moja na kioo chake, kijiti chake, vitufe vyake na tundu lake la kumeza sarafu. Katikati palikuwa na jiko la makaa. Ukitaka zamu, uliweka sarafu yako chini ya kioo, nyuma ya sarafu za wenzako, na hata mtoto mtundu kuliko wote hakugusa ya mwenziwe. Anayecheza vizuri walimzunguka kwa nyuma, wakamhemea shingoni. Sifa zilipatikana kwa macho ya watu hao. Ulichofanya peke yako hukukifanya.

Mwaka ule iliingia mashine ya vita vya angani, Radi ya Saba. Ilikuwa ngumu kupita kiasi. Bok Jintae, mtoto wa mchinjaji, ambaye kwenye mashine nyingine zote alikuwa sultani, aliishia hatua ya tano kila siku na kila siku akaipiga teke. Gicheol alikuwa mchezaji wa kawaida tu. Kama alikuwa na kipaji, basi ni kile cha kurudia jambo bila kuchoka, ambacho baadaye kilikuja kumfaa kwenye kazi ya pasi.

Ikafika Novemba, siku ya kutia kimchi, kabichi za kuchachushwa kwa chumvi na pilipili, za kuliwa msimu wa baridi. Siku hiyo mtaa mzima huwa uani, kabichi zimerundikwa kama kuni, na mtoto haruhusiwi kutoroka kwa sababu ndiye mbebaji. Katikati ya kazi mama yake Gicheol akapungukiwa chumvi. Akamwambia mwanawe, "Nenda mbio, rudi mbio." Sasa njia ya dukani ilipita mbele ya banda la gemu. Mlango ulikuwa wazi, ndani hamna mtu isipokuwa Mama wa Gemu, kajifunika blanketi kando ya jiko, anakoroma. Na Radi ya Saba ilikuwa peke yake, haina hata sarafu moja chini ya kioo. Mimi nawauliza, mtoto gani angepita?

Alitia sarafu moja. Siku hiyo, kwa sababu ambayo hajaweza kuieleza mpaka leo, vidole vyake viliona kabla ya macho. Akavuka hatua ya tano, akavuka ya sita, akamvunjavunja adui wa mwisho. Kioo kikawa cheusi. Kisha chombo chake kikashuka taratibu nyuma ya kilima, na mbele ya kilima ukatokea ua wa nyumba ya shamba. Uani alikuwapo bibi kizee aliyejifunga kitambaa cha njano kichwani, anachota pilipili nyekundu kwenye ungo na kuzitandaza mkekani. Anachota, anatandaza, anachota, anatandaza. Gicheol alimwangalia kidogo tu, ndipo chumvi ikamrudia akilini, akatoka mbio.

Mama yake alikuwa amesimama langoni, mikono imelowa mpaka viwikoni, anaangalia njia.

"Duka lilikuwa limefungwa," Gicheol alisema, "nikangoja wafungue."

Duka lile halikuwahi kufungwa mchana, hata siku mwenye duka alipooa. Mama hakumpiga. Alipokea chumvi, akamwangalia usoni kwa muda, akarudi kwenye kabichi zake.

Kesho yake shuleni Gicheol alisimulia alichokiona, na alisimulia vibaya, kwa haraka, kama mtu mwenye furaha. Jintae alimwacha amalize. Kisha akauliza kwa upole, "Yaani gemu ya vita vya angani, rubani kaua majini yote ya nyota, halafu mwisho wake bibi anaanika pilipili?" Darasa zima likavunjika mbavu. Wakaenda naye bandani ajaribu tena mbele ya mashahidi, lakini alikufa hatua ya pili kwa sababu ya kutetemeka, na kabla ya wiki kwisha mashine ikatoa moshi, akaja mtu na gari akaichukua. Ushahidi ukaondoka na jina likabaki.

Habari ikafika nyumbani. Mama yake akasema, "Aliyedanganya kuhusu chumvi atashindwaje kudanganya kuhusu pilipili?" Alisema kwa utani, na utani huo ukawa wa nyumbani. Aliurudia siku ya harusi ya Gicheol. Aliurudia hata hospitalini, mwaka aliofariki, amemshika mwanawe kiganja: "Vipi, mwanangu, pilipili zako zimekauka?" Gicheol alicheka naye. Lakini baada ya mazishi neno hilo lilimkaa kifuani na halikutoka. Mama yake amekufa akiamini kwamba alizaa mwongo. Mwongo anayempenda, sawa, lakini mwongo.

*

Oktoba iliyopita wenzake wa shule walikutana kwa Jintae, ambaye sasa ana banda lake la nyama choma na tumbo linalolistahili. Nyama ilipoanza kulia juu ya makaa, Jintae alifuta mikono, akatoa kitu mfukoni na kukiweka mezani. Kilikuwa kimashine kidogo kama kasha la miwani, chenye kioo katikati na vitufe pande mbili.

"Leo mahakama imekaa," alisema. "Pilipili, sogea huku. Mshtakiwa hakai pembeni."

"Ni nini hicho?"

"Kimetoka Uchina. Humu ndani mna gemu zote za Mama wa Gemu, na za mabanda yote ya dunia. Hakina gemu yake chenyewe, kazi yake kuigiza tu. Ukichagua moja, kinajifanya kuwa ile mashine yenyewe, sauti yake, rangi zake, kila kitu."

"Na sarafu?"

"Bonyeza hapa. Kila ukibonyeza kinadhani umetia sarafu. Hapa sote matajiri." Jintae alitafuta kidogo kwa kidole chenye mafuta. "Na hii hapa, mheshimiwa hakimu, ni Radi ya Saba."

Gicheol aliinamia kioo. Muziki ulikuwa uleule. Walipokezana, kila mtu akafa mara nyingi apendavyo, mwenye glasi ya soju anabonyeza sarafu, mwenye nyama anapiga risasi, na chupa hazijaisha wakawa wamefika kwa adui wa mwisho, yule ambaye kwa miaka yote hakuna mtu wa mtaa ule aliyemwona ila mmoja. Wakamuua. Kioo kikawa cheusi. Jintae mwenyewe akaacha kutafuna.

Yakatokea mafataki. Vyombo vikapita kwa gwaride, rubani akavua kofia akapiga saluti. Yakapita majina ya waliotengeneza. Basi.

"Labda bibi kaingia ndani," Jintae alisema. "Jua kali leo."

Walicheka sana, na Gicheol akacheka nao, maana ungecheka na nani mwingine. Wakati wa kuondoka Jintae alimtia kile kimashine mkononi. "Chukua, ndugu yangu. Ukimpata bibi, niagizie kilo mbili." Tusimwonee Jintae. Alikuwa amemnunulia tangu mwanzo, ila mtu kama yeye hawezi kutoa zawadi bila kwanza kukurushia jiwe.

Nyumbani Gicheol alikaa kitako mlangoni bila kuvua viatu.

"Nilidanganya, Mama Dain," alisema. "Miaka yote hii nilidanganya, na nilikuwa sijui."

"Ulikuwa mtoto."

"Hilo si jibu. Nakumbuka mpaka rangi ya kitambaa chake. Kama kile hakikuwepo, basi ninachokumbuka ni nini? Mkono wa mama pale hospitali naukumbuka vilevile. Nitajuaje kama huo ulikuwepo?"

Mama Dain aliinama. Alimvua viatu.

Majuma yaliyofuata yalikuwa mabaya. Dobi yule akawa anafungua kila koti mara mbili, tatu, kuhakikisha vifungo. Mteja akimuuliza shati liko wapi, anasema, "Nadhani liko pale, lakini usiniamini." Watu wakaanza kumuuliza mkewe kama anaumwa. Jirani mmoja, mama wa ghorofa ya juu, alidadisi zaidi ya kiasi, na Mama Dain akamwambia pilipili iko shamba wewe yakuwashia nini. Baadaye alijutia maneno yenyewe, kwa sababu Baba Dain alikuwa nyuma ya pazia.

*

Kimashine hakukitupa. Pasi kubwa ya mvuke inachukua muda kupata moto, na katika muda huo alikuwa anakaa kwenye stuli na kucheza, bila furaha, kama mtu anayechokonoa jino bovu. Na hapo ndipo alipoanza kugundua jambo.

Katika hatua ya tatu kuna mahali maadui wanaingia kwa ghafla kutoka pembeni. Kila akifika pale, kabla hawajatokea, kidole gumba chake kilikipeleka chombo kushoto. Na maadui walitokea kushoto. Akafa. Akajikemea, akarudia. Kidole kikaenda kushoto tena, akafa tena. Siku ya pili vilevile. Hatua ya nne kuna mahali alikuwa akisita bila kupenda, anangoja kitu, na hicho kitu hakiji. Kwanza alidhani ni uzee. Lakini uzee hukosea huku na kule. Huu ulikuwa unakosea mahali palepale, kwa namna ileile, kama mtu anayejua njia ya nyumba iliyohamishwa.

Akasimamisha mchezo, akaviangalia vidole vyake. Kichwa kinaweza kutunga, aliwaza, kwa sababu kichwa kinataka sifa. Kidole gumba kinataka nini?

Alhamisi Bi. Pyo alikuja na mfarishi wake wa baridi, anaukokota kwenye kigari cha kwenda sokoni. Ana umri wa kukaribia themanini sasa na masikio yake ni mazima kuliko ya wengi.

"Bibi," Gicheol alisema akipokea mzigo, "ile Radi ya Saba yako. Unaikumbuka?"

"Ile iliyotaka kuniunguzia banda? Nitaisahauje?"

"Maadui wa hatua ya tatu walikuwa wanatokea upande gani?"

"We mtoto una wazimu. Mimi sijacheza hata siku moja. Ningecheza nani angepokea hela?" Alikaa kwenye stuli bila kukaribishwa. "Upande wowote waliotokea, haikuwa ile yenyewe hasa."

"Haikuwa yenyewe kivipi?"

"Mwanangu, bodi ya kweli, ule ubongo wa gemu mpya, bei yake ilikuwa ya ng'ombe na ndama wake. Mjane angeipata wapi? Zangu zilikuwa za kunakili. Kulikuwa na kijana mmoja Seoul, anazinakili chini ya ngazi za jengo. Zingine anaziacha kama zilivyo, zingine anazigeuzageuza, cha kushoto kinakwenda kulia, risasi anaziongezea mbio ili nyinyi mfe upesi mtie sarafu nyingine." Alicheka, meno yake machache yakaonekana. "Kijana mwembamba, mpole. Alikuja mwenyewe kuifunga ile. Nikampa wali, akala analia. Kwao Goesan, mashamba ya pilipili. Alisema sikukuu tatu zimepita hajaenda kwa mama yake, kazi haimwachii."

Gicheol alikuwa ameshika mfarishi kifuani na hakuuweka chini.

"Mbona hukuwahi kusema, Bibi? Nilivyochekwa vile."

"Kusema nini? Kwamba nauza gemu za wizi?" Bi. Pyo alisimama, akatengeneza kigari chake. "Na hukuwahi kuniuliza. Mlikuwa mnapiga kelele tu."

*

Wanaokusanya vitu vya kale hawatupi kitu, hata bandia, na gemu za kile kimashine zilitoka kwa watu hao. Gicheol alipitia orodha ya kile kimashine jioni ileile, na kweli, chini ya Radi ya Saba kulikuwa na Radi ya Saba nyingine. Ya kwanza ilikuwa na picha nzuri ya chombo na miali. Ya pili haikuwa na picha, ilikuwa na kisanduku cha kijivu. Aliichagua. Muziki ulikuwa wa mbio kidogo, wenye mkwaruzo, na nywele zikamsimama, kwa sababu ule wa kwanza alioudhani uleule haukuwa wenyewe. Wenyewe ulikuwa huu. Hatua ya tatu kidole kikaenda kushoto. Maadui wakatokea kulia, wakapita bure.

Mtu mwingine angebonyeza sarafu mpaka mwisho usiku huohuo. Gicheol alizima. Akamweleza mkewe yote, na mkewe akasema, "Haya, si tuangalie sasa?"

"Siku ile nilitia sarafu moja."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo nitatia moja. Ukitafuta ukweli kwa kupita dirishani, utakuwa umeingia kama mwizi."

Alisema hivyo, na maneno yalikuwa mazuri, lakini Mama Dain alimsikia mtu anayeogopa. Bibi kizee asipokuwamo hata humu, hakuna tena pa kumtafuta. Mpaka sasa kulikuwa na mlango uliofungwa. Akiufungua akakuta patupu, atakuwa mwongo wa kudumu. Basi akawa anacheza sarafu mojamoja, kila siku, pasi ikipata moto, na kila siku anakufa hatua ya tano au ya sita. Vidole vilikumbuka njia lakini havikuwa na miguu ya kuikimbilia. Mimi nadhani nusu yake alikuwa anashukuru kila akifa.

Ikafika siku ya kutia kimchi. Uani kwao walikuwa majirani wote, glavu za mpira nyekundu mpaka viwikoni, na Jintae alikuwa pembeni anachemsha nyama, kwa sababu siku hiyo huliwa nyama ya kuchemsha na kimchi mbichi, naye hamwamini mtu mwingine kwa nyama. Adhuhuri chumvi ikapungua.

"Baba Dain," mkewe alisema kwa sauti ya kusikika, "nenda mbio, rudi mbio."

Wote wanaojua kisa walicheka. Gicheol alikwenda, akarudi na gunia begani kabla maji hayajachuruzika kwenye kabichi.

"Duka lilikuwa wazi?" Mama Dain alimuuliza.

"Lilikuwa wazi."

Wenzake walipokaa kula, yeye alikaa juu ya gunia la chumvi kwenye pembe ya ukuta, akatoa kimashine mfukoni. Tusiseme ni miujiza. Ni mazoezi tu, na baridi iliyochangamsha vidole, na pengine harufu ya vitunguu saumu na pilipili iliyojaa ua mzima kama siku ile. Alivuka ya tano. Alivuka ya sita. Mama Dain aliona mabega yake yalivyokakamaa, akaacha bakuli lake, akaja nyuma yake na kuchungulia, akamhemea shingoni.

Adui wa mwisho alibaki na pumzi moja, chombo cha Gicheol kikalipuka.

Kioo kikaandika neno la kuuliza kama anaendelea, na namba zikaanza kushuka kutoka kumi.

"Imekwisha," Gicheol alisema. "Nitaanza upya kesho."

"Bonyeza sarafu."

"Nimekwambia, siku ile..."

"Siku ile ulikuwa na miaka kumi na tatu na huna yabisi ya vidole. Unamtafuta bibi au unatafuta medali?"

Namba ilifika nne. Gicheol hakusogeza mkono. Ikafika tatu.

"Na asipokuwepo?" aliuliza kwa sauti ndogo.

"Asipokuwepo tutakula nyama," Mama Dain alisema, akapitisha mkono begani kwake na kubonyeza kitufe na glavu yake, pilipili na yote. Kitufe kikabaki chekundu.

Chombo kikarudi. Risasi moja ilitosha. Kioo kikawa cheusi, na katika weusi ule Gicheol aliona uso wake na wa mkewe.

Kisha chombo kikashuka taratibu nyuma ya kilima, na mbele ya kilima ukatokea ua.

Bibi kizee alichota pilipili kwenye ungo akazitandaza mkekani. Akachota, akatandaza. Jintae alikuwa anapita na sinia la nyama, akaona watu wawili wamekodolea kitu, akainama. Alikaa hivyo kwa muda mrefu, sinia mkononi.

"Kitambaa cha njano," Jintae alisema mwishowe. "Ulisema cha njano."

"Unakumbuka?"

"Nimekisimulia kisa hiki miaka yote, nitasahauje?" Sauti yake haikuwa na utani hata chembe. "Ndugu yangu, mimi ndiye niliyewafanya watu wakucheke."

Gicheol alitaka kumjibu lakini bibi alikuwa amemaliza mkeka. Alisimama, akajipangusa mikono kwenye sketi, akatembea polepole mpaka langoni. Akaangalia njia upande wa kushoto. Akaangalia upande wa kulia. Akasimama. Kisha akarudi kwenye mkeka, akainama, akaanza kuzigeuza pilipili moja moja, na alipomaliza akaenda tena langoni.

Hili Gicheol hakuwahi kuliona. Siku ile alikwishatoka mbio na chumvi akilini.

"Anamngoja mtu," Mama Dain alisema.

Ndipo alipolia. Alilia waziwazi, mbele ya majirani na glavu zao, mtu mzima juu ya gunia la chumvi, kwa ajili ya kijana mwembamba wa chini ya ngazi, aliyemchora mama yake humo kwa kuwa hakuwa na nauli wala nafasi ya kwenda kwake, na kwa ajili ya mwanamke aliyesimama langoni na mikono inayochuruzika, anaangalia njia ya dukani. Hakuna aliyemcheka. Jintae aliweka sinia chini, akamshika bega, na kwa kuwa hakuzoea kukaa kimya, akauliza, "Sasa tukuite nani?"

"Nani kasema mbadilishe?"

Kazi ilikuwa bado, kabichi hazingoji mtu. Mama Dain alipangusa kitufe na kitambaa, akamwambia azime, chaji itaisha. Gicheol hakuzima. Alivuta waya kutoka chumba cha pasi kupitia dirishani, akakichomeka kimashine, akakiegemeza juu ya gunia kikitazama ua, kisha akavaa glavu akaenda kubeba kabichi. Kila alipopita na beseni aliinamisha kichwa kidogo kuangalia. Bibi alikuwa langoni, au alikuwa mkekani, anazigeuza.

Jua lilipoanza kuondoka uani na majirani wakawa wanaosha mabeseni, Mama Dain alimkuta amechuchumaa mbele ya gunia, anaongea polepole na mtu asiyekuwepo. Alisogea akasikia.

"Bado, Mama," Gicheol alikuwa anasema. "Bado hazijakauka."